Ulanga na Ukurasa wa Tano

Siku ninayoikumbuka kuliko zote za ujana wangu, mwanangu, ilianza kwa harufu ya pilipili manga iliyoota ukungu, ikaishia kwa mimi kuoshwa mikono bombani kama mtoto mchanga.

Nimeikumbuka tena kwa sababu yako. Juma lililopita ulisimama mlangoni mwa karakana yetu ya chuo, waraka mpya mkononi, uso umekunjamana, ukasema: "Mwalimu, wamepiga marufuku na hizi tena. Hawa watu kazi yao ni kutukwamisha tu." Ulikuwa ukizungumzia zile karatasi laini za kupitisha joto tunazoziweka chini ya transista. Jibu nilikuwa nalo, ila lilikuwa refu kuliko mapumziko ya chai. Nimeliandika basi, nawe ulisome mpaka mwisho. Sikia vizuri hapo: mpaka mwisho.

Sijafika umri wa kuitwa bibi, ingawa mvi zimeshabisha hodi nami nimezikaribisha. Wakati ule nilikuwa na miaka ishirini na mitatu, nimetoka chuoni na stashahada ya elektroniki, na kiburi changu kilikuwa hakijapata wa kukipima. Nilikuwa binti pekee katika karakana ya Fundi Kibwana, nyuma ya soko kuu hapa Morogoro mjini. Fundi alikuwa mtu mnene, mpole, mwenye maneno machache, na kila kitu alikiwekea heshima, hata skrubu iliyoanguka sakafuni aliiokota kwa bismillahi.

Kazi iliyokuwa mezani petu haikuwa ndogo. Akina mama wa Kinole, kule juu milimani, walikuwa wamejenga mabanda ya kukaushia pilipili manga na iliki. Unakujua Kinole: mvua haina adabu, hunyesha hata siku uliyoanika. Mabanda yao yalihitaji feni zinazoendeshwa kwa betri za umeme wa jua, na feni zilihitaji inveta za kuugeuza umeme huo. Inveta kumi tuliagizwa sisi. Hapakuwa na karakana ya mjini hapa iliyokuwa imewahi kutengeneza inveta zake zenyewe na kuzipitisha kwa mkaguzi wa viwango. Zikipita, tungepewa kibali. Zikianguka, Fundi angerudi kutengeneza redio na pasi, nami nisingekuwa na meza ya kukalia. Na huko Kinole mavuno ya mwaka mzima yangeoza kwenye magunia.

Nikueleze jambo moja la ufundi, kwa faida ya wasomaji wengine, maana wewe unalijua. Ndani ya inveta zimo transista zinazobeba umeme mwingi, nazo huchemka. Joto lao sharti likimbilie kwenye bamba la alumini lenye mapezi, lipeperushwe na hewa. Lakini umeme wenyewe usilifuate, maana atakayeligusa bamba hilo atajuta. Kwa hiyo kati ya transista na bamba huwekwa kipande chembamba kinachofanya kazi ya bawabu: joto, pita, umeme, baki hapo hapo. Bawabu wetu sisi alikuwa karatasi ya kijivu iliyotoka ng'ambo. Majuma mawili kabla ya ukaguzi zikaja kanuni mpya: karatasi ile ina kiambata chenye sumu, isitumike tena. Aina mpya ilikuwa bado haijafika nchini.

Fundi Kibwana akaamua kwenda Dar es Salaam kuulizia duka kwa duka. Akaniwekea zile kanuni mezani, kitabu chembamba cha Kiingereza.

"Rehema, usiguse kitu mpaka nirudi. Wewe kazi yako ni kusoma hiki."

"Nitasoma chote, Fundi."

Nikasoma kurasa mbili. Zilijaa makatazo: hiki marufuku, kile marufuku, kile kingine mwisho mwezi fulani. Nikakifunga kitabu nikisema moyoni kwamba waliokiandika hawajawahi kushika koleo. Mwenye pupa, wahenga walisema, hadiriki kula tamu. Mimi tamu yangu nilikuwa nimeshaiona, kwenye rafu ya juu.

Palikuwa na boksi la vyuma chakavu vya mtambo wa zamani wa kurushia matangazo ya redio. Ndani yake mlikuwa na visahani vyeupe vya kauri, laini kama jino. Nilikumbuka somo la chuoni: iko kauri nyeupe inayopitisha joto karibu sawa na chuma, na umeme ikauzuia kabisa. Nilikumbuka nusu ya somo; nusu ya pili nadhani nilikuwa nasinzia. Visahani vilikuwa vinene kidogo kwa kazi yetu. Nikakibana kimoja kwenye jiriwa, nikachukua tupa, nikaanza kukipunguza. Unga mweupe ukadondoka juu ya meza.

Nilikuwa nimepiga tupa mara mbili, labda tatu, niliposikia sauti mlangoni.

"We binti, unasaga unga gani huo, mbona sufuria silioni?"

Alikuwa Bibi Mwanaidi, mama yake Fundi Kibwana, aliyeshuka asubuhi hiyo kutoka Kinole na kikapu cha pilipili ili mwanawe aone kwa macho yake jinsi ukungu ulivyoanza kuila. Alikuwa mwembamba, kaniki kiunoni, macho makali kama ya kozi.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Nimeuliza unga."

"Ni kifaa cha kupitisha joto, bibi. Nakipunguza kidogo tu."

"Na boksi lake lina maandishi mekundu. Yanasemaje?"

"Aa, ya kizungu hayo. Wanapenda kutisha watu."

"Mimi shule sikwenda, wewe umekwenda," alisema, akatua kikapu chake. "Nisomee. Kwa Kiswahili, nielewe."

Mwanangu, kumbuka kwamba maandishi yale nilikuwa nimeshayaona. Macho yangu yalipita juu yake kama mtu apitavyo msiba wa mtaa usio wake. Lakini kuyasoma kwa sauti, kwa lugha niliyoimbiwa nikiwa mgongoni, kwa mtu anayengoja kila neno, lilikuwa jambo lingine.

"Usikate," nikaanza. "Usivunje. Usipige tupa wala kusaga. Vumbi lake..."

Nikakwama.

"Vumbi lake linafanya nini?"

"Vumbi lake linaua mapafu, bibi."

Hakupiga kelele. Alijifunika pua kwa ncha ya kanga, akazungumza taratibu kama anayemwita kuku aliyeatamia. "Weka hiyo tupa chini. Polepole. Usipulize! Na ufagio huo uache. Toka nje kwanza, tulete maji."

Tulirudi tumejifunga vitambaa vya maji usoni. Tukaipangusa meza kwa matambara yaliyolowa, tukayatia matambara, visahani na tupa ndani ya debe lenye kifuniko, tukalifunga kwa utepe wa gundi kuzunguka pande zote. Halafu akanivuta bombani, akanisugua mikono mpaka viwiko, kucha moja moja, bila neno. Mwiba wa kujidunga hauambiwi pole, nami sikutarajia kuambiwa.

Alipomaliza alikaa juu ya kreti la soda uani, akaniambia niketi.

"Nilipokuwa mdogo kuliko wewe," alisema, "mimi na dada yangu tulifanya kazi kwenye banda la machimbo huko juu. Palikuwa na amri mbili. Milango ibaki wazi, na sakafu inyunyiziwe maji kabla ya kufagiwa. Sisi wasichana tuliziona ni roho mbaya ya msimamizi. Unaujua upepo wa milima ile alfajiri? Unakata. Na maji yalichotwa mbali. Msimamizi akigeuka, tunafunga mlango, na dada yangu anafagia kukavu. Tulicheka sana, mjukuu wangu. Tulijiona wajanja." Akatazama kikapu chake. "Dada yangu hakufika umri wa kuzaa. Kifua chake mwishoni kilikuwa kikilia kama bawaba yenye kutu. Usiku nilikuwa nakisikia mpaka chumba cha pili. Wewe unaona katazo. Mimi nikiliona katazo, nauliza kaburi lake liko wapi. Haliandikwi katazo bila kaburi."

Kisha akanigeukia.

"Haya. Na hicho kitabu Kibwana alichokuachia? Nisomee nacho."

"Ni kirefu, bibi."

"Pilipili yangu imeshaota ukungu. Haraka ya kwenda wapi ninayo?"

Basi nikakileta kitabu nikaanza upya, nikitafsiri, naye akichambua pilipili mbovu na nzima. Kila katazo aliniuliza, "Kwa nini?" Mengine nilijua: hii huingia kwenye maji, hii hudhuru mtoto tumboni, hii ikiungua hutoa moshi mbaya. Mengine sikujua, na akanitaka nikiri kwamba sijui. Ukurasa wa tatu ukaisha, wa nne ukaisha. Wa tano sauti yangu ikabadilika.

"Inasema hivi, bibi. Mtengenezaji anaruhusiwa kutumia kipitisha joto kingine badala ya kilichokatazwa, mradi kipimwe joto na uvujaji wa umeme mbele ya mkaguzi, na ieleweke kimetoka wapi. Halafu wametoa mifano."

"Itaje."

Nikataja. Wa kwanza ulikuwa kitambaa maalumu cha nyuzi za kioo, wa pili aina ya plastiki ngumu. Wa tatu nikautamka bila kuutilia maanani: "Na ulanga."

Mikono yake ikasimama juu ya pilipili.

"Ulanga upi?"

"Huu huu, bibi. Mawe yale yanayong'aa na kubanduka. Zamani ndiyo yaliyotumika kwenye redio. Siku hizi ni nani..."

Hakuningoja nimalize. Alicheka mpaka akashika mbavu, mpaka jirani akachungulia juu ya ukuta kuona kuna nini. "Kibwana yuko Dar anabisha hodi kwenye maduka ya watu! Na wewe na cheti chako unataka kujitia sumu! Ulanga! Mwanangu, unadhani lile banda tulikuwa tunapika nini mle? Miaka minne nimebandua ulanga mimi. Vidole hivi," akaniinulia mikono yake miwili, "vidole hivi vilikuwa vinabandua jani jembamba mpaka ukiliweka juu ya kiganja, unasoma mistari ya mkono."

Naona aibu kulisema, lakini nitalisema. Nilizaliwa chini ya milima hiyo. Utotoni tulikuwa tukiuokota ulanga njiani, tukaupachika kwenye paji la uso kwa mate, tukajifanya maharusi. Nilikuwa nimeukanyaga maisha yangu yote. Ganda la muwa la jana, chungu kaona kivuno. Chungu kaliona, msomi hakuliona.

Fundi Kibwana alirudi jioni mikono mitupu. Nikamweleza yote, la debe kwanza, la ulanga baadaye, kama mama yake alivyonielekeza. Alikwenda akalitazama lile debe, akarudi.

"Rehema," alisema hatimaye, "ningekwenda kumwambia nini mama yako?"

Mpaka leo sijapata kugombezwa zaidi ya hapo.

Kisha akasema lililonitia hofu: mkaguzi akija, aonyeshwe lile debe kabla ya kitu kingine. Nikasihi. "Atatufungia, Fundi. Hajui, na hatajua." Akanijibu, "Atufungie tukiwa hai." Mjadala ukaishia hapo.

Siku zilizobaki zilikuwa kumi. Ulanga tuliupata kwa mchimbaji mdogo mwenye leseni, upande wa pili wa mlima, na Fundi akahakikisha tumepata nakala ya leseni hiyo, maana kanuni ilitaka asili ijulikane. Yalikuja mapande ya rangi ya asali, kila pande kama kitabu kilichofungwa kwa karne nyingi. Bibi Mwanaidi akaweka beseni la maji katikati ya uwanja, akanipa kisu chembamba, akaanza kunifundisha.

Siku ya kwanza niliharibu kila nilichogusa. "Unaulazimisha," aliniambia. "Umezoea kushindana na kila kitu, hata jiwe. Ulanga una njia yake ndani. Tafuta pa kuingilia, ukipaona, kisu kitakwenda chenyewe." Siku ya pili majani yangu yalitoka mazito upande mmoja na mepesi upande mwingine, akaniuliza kama nabandua ulanga au nakata mihogo. Siku ya tatu nilibandua jani moja jembamba kuliko karatasi ya daftari, lisilo doa la kutu wala ufa. Nikaliinua mwangani. Milima yote ya Uluguru ilionekana ndani yake, ya rangi ya asali, na wingu lake juu. Bibi akalichukua, akaligeuza, akaliweka kwenye kitambaa safi pamoja na ya kwake. Sikuhitaji kusifiwa.

Kila inveta ilihitaji majani manne. Tukatengeneza arobaini, tukayatoboa tundu la bolti yakiwa yamelowa, tukayapaka grisi nyeupe iliyoruhusiwa, juu na chini, tukafunga.

Mkaguzi alikuwa kijana mwenye miwani na shati lililopigwa pasi ya nguvu. Akina mama wanne wa Kinole walikuwa wamefika naye karibu saa moja asubuhi, wakaketi na Bibi kwenye mkeka. Fundi akanitazama. Hapo nikajua kwamba debe nitalieleza mimi, si yeye.

Nikalieleza. Nilichokichukua, nilichokifanya, mara ngapi nilipiga tupa, namna tulivyosafisha. Mkaguzi akaacha kuandika.

"Kwa nini mnaniambia?" aliuliza. "Mngelificha nisingeliona."

"Wewe usingeliona," akajibu Fundi. "Mapafu yangeliona."

Kijana yule akalifunga debe kwa lakiri yake, akapiga simu watu wa kulichukua, akaniandikia barua ya kwenda hospitali kupimwa kifua. Akaamuru chumba cha ndani kifungwe mpaka kikaguliwe upya. Nikajua ametufungia. Kumbe alikuwa hajamaliza. "Vipimo," alisema, "tutavifanyia uani."

Tukatoa meza nje. Akaiwasha inveta ya kwanza, akaitwika mzigo wote inaoweza kubeba, akapachika kipimajoto kwenye transista. Joto likapanda. Likapanda tena. Mama mmoja akaanza kunong'ona dua. Likapanda polepole zaidi, kama mzee anayemalizia mlima, kisha likasimama, mbali chini ya kikomo, likatulia hapo mpaka adhana ya adhuhuri. Halafu akaleta mashine ya kupimia uvujaji wa umeme. Mshale haukutikisika. Ya pili, haukutikisika. Ya tano. Ya nane. Ya kumi.

Akaifungua moja ajionee mwenyewe. Akavuta lile jani kwa kibano, akalinyanyua juani.

"Huu ulanga mmeutoa wapi?"

Nilinyoosha mkono nimpe nakala ya leseni, lakini Bibi Mwanaidi akaniwahi.

"Ulitaka utoke wapi, mwanangu? Mlima ule unakupa maji ya kuoga na kunywa, ulidhani hauna kingine?"

Mkaguzi akacheka, cheko la mtu aliyesahau kwamba yuko kazini. Akatia sahihi. Vigelegele walivyopiga wale akina mama vilisimamisha biashara sokoni. Watu walikuja mbio wakidhani kuna harusi, na Bibi akawaambia ndiyo, iko harusi, bibi harusi ni yule pale mwenye grisi puani. Alikuwa akininyooshea mimi kidole.

Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, mwanangu. Inveta zile zilipanda Kinole juma lile lile, feni zikazunguka, na pilipili ikakauka nyeusi, kavu, yenye kishindo ukiitikisa kiganjani, huku mvua ikinyesha nje inavyotaka. Karakana ilipata kibali na bado ipo. Kifua changu kilipimwa mwaka ule na kila mwaka tangu hapo, nacho ni kizima. Mnaonisikia nikiwaita kutoka upande wa pili wa uwanja wa chuo ni mashahidi. Bibi Mwanaidi ametangulia mbele ya haki. Kile kisu chake chembamba ndicho ninachowapa kila mwaka siku ya kwanza ya masomo, na pande la ulanga, nanyi huwa mnajiuliza mwalimu ana wazimu gani.

Sasa umejua. Ule waraka uliouleta mlangoni urudie, usome kwa sauti, kwa Kiswahili, kwa mtu asiyejua kusoma, naye akuulize kwa nini. Ukikuta katazo, litafutie kaburi lake kabla ya kulitukana. Ukishaliona kaburi, usikae hapo ukilia. Endelea kufunua, kwa maana aliyefunga mlango mmoja mara nyingi ameacha mwingine wazi ukurasa wa tano, na wavivu hawafiki huko. Ukikosea, wewe uwe wa kwanza kulisema kosa lako, kabla halijasemwa na kifua cha mtu mwingine. Na unachokikanyaga kila siku njiani, siku moja kiinamie ukiokote: mtaka cha mvunguni sharti ainame.

Mwenyezi Mungu akupe vidole vyenye subira na pumzi ndefu ya kuvitumia. Kazi ya mikono yako ipitishe joto lote la dunia na isimwunguze mtu. Na siku ya kupimwa kwako, mwanangu, mshale usitikisike.